Sauti ya marehemu Alain Dorval: warithi wana haki ya kuruhusu mashine iitumie katika kazi mpya?

Wakuu, suala hili lilizua kelele kubwa Ufaransa, na kwa maoni yangu halijapata jibu la maana hadi leo.

Kwa miaka karibu 50, Mfaransa aliyeingia sinema kumtazama mwigizaji wa Marekani Sylvester Stallone alimsikia Alain Dorval, mwigizaji aliyemwekea sauti ya Kifaransa. Alianza na Rocky, kisha Rambo, na karibu kila filamu iliyofuata. Alifariki Februari 2024. Januari 2025 kampuni ya ElevenLabs ikatangaza kwamba imeiunda upya sauti yake kwa akili mnemba, kwa ajili ya toleo la Kifaransa la Armor, filamu ya Stallone, na ikatoa kipande watu wasikilize. Mashabiki wakakilaani. Binti yake, Aurore Bergé, ambaye ni mwanasiasa na wakati huo alikuwa waziri, akasema familia ilikubali jaribio tu, na kwamba yeye na mama yake ndio walipaswa kuidhinisha kabla ya chochote kutoka.

Wanaotetea wanasema: familia iliulizwa, sauti inaenziwa, tatizo liko wapi?

Mimi napinga hata kama familia ingekubali kila kitu. Sheria ya Ufaransa inawapa warithi wa mwigizaji haki ya kulinda uigizaji wake na kumbukumbu yake. Kulinda maana yake ni kuangalia kile alichokwisha kukifanya kisiharibiwe. Kumfanya marehemu aigize sehemu ambayo hakuwahi hata kuisoma ni jambo jingine kabisa, na sioni mtu mwingine anayeweza kumkubalia hilo isipokuwa yeye mwenyewe, kwa maandishi, akiwa hai.

Tukumbuke pia kazi yenyewe ilivyo. Studio za Ufaransa hutumia utepe wa maneno unaopita chini ya picha. Mwigizaji husimama mbele ya kipaza sauti, anasoma maneno yanapopita, huku akifuata midomo, pumzi na hasira ya mtu aliye kwenye skrini. Wapi apumue, wapi aiache sauti ikwame kooni, huamua yeye pamoja na mwongozaji aliye naye studio. Dorval alikuwa mtu wa jukwaani pia, na ndiyo maana Stallone wa Kifaransa alikuwa na huzuni yake mwenyewe. Mashine ilichukua rangi ya sauti ikaacha maamuzi yote hayo.

Halafu kuna wanaobaki. Waigizaji wa Ufaransa wanaoweka sauti kwenye filamu za kigeni waligoma mwaka 1994 wakidai walipwe kazi zao zinaporudiwa kwenye televisheni na video. Haki hiyo waliipigania kwa muda mrefu. Leo chama chao cha LESVOIX kimeanzisha kampeni ya TouchePasMaVF (yaani "usiguse toleo langu la Kifaransa"), kikitaka sheria iwalinde dhidi ya akili mnemba, kwa sababu sauti ya marehemu ikishika sehemu ya Stallone, kijana aliyengoja zamu yake haitwi studio tena.

Nakubali hoja moja tu ya upande wa pili: mwigizaji aliye hai akitia saini mwenyewe, akijua sauti yake itatumika wapi, kwa muda gani na kwa malipo gani, hilo ni lake.

Sasa nyie mnaotetea, nijibuni hili: iwapo Dorval hakuacha maandishi yoyote, ni nani hasa aliyeombwa ruhusa?