Dosie yetu ilizimwa «juu hamukufika», sasa nani alituita?

Bandugu ba Lubumbashi, niko na kasirani, ninaandika vile inakuya. Mama mukubwa yangu alishitaki bwana moja mwenye alianza kujenga mu parsele yake kule Katuba, akalipa konsinyasio (makuta ya kufungulia kesi) ku grefe, biro ya karatasi za tribinali, akalipa avoka. Odiansi ya kwanza, siku ya kusikiliza kesi, juje hakuya. Baliturudisha nyumbani bila tarehe, grefie, mwenye kuchunga dosie, anasema tu «mutapata karatasi», na karatasi haikufika. Tunaenda kuuliza tunasikia dosie ilishaitwa, hatukukuwa pale, avoka wa ule bwana akaomba defo-konje, ni kusema kesi izimwe juu mwenye kushitaki hakufika, na juje akamupa. Imeisha ivo!

Sikatai sheria. Ile ya 7 Machi 1960 ya procedire sivile (namna ya kuendesha kesi za madai) inasema kweli, mwenye kushitaki asipofika, mwenye kushitakiwa anaweza kuomba defo-konje na kesi inazimika bila kuangalia nani eko na haki. Sawa, hauwezi kushitaki mwenzako kisha unamuacha anatembea ku tribinali bure. Lakini sheria ileile inasema mwenye kuitwa apewe siku 8 nzima mbele ya odiansi, na kila kilometa 100 inaongeza siku 1, maana balijua bantu beko mbali. Mama mukubwa anaikala Likasi, kilometa kama 120! Mbele ya kuzima kesi ya mama muzee kama ule, juje alipashwa kuuliza: huyu mama nani alimujulisha tarehe ya leo, na karatasi yenyewe iko wapi mu dosie? Hapana. Banasoma jina, kimya, dosie ingine.

Na njo kinaniumiza sana, juje akikosa hakuna kitu kinamupata, siye tukikosa asubui moja kila kitu kinaanguka. Katiba kifungu cha 19 kinasema kila mutu eko na haki kesi yake isikilizwe mu wakati unaofaa, ya mama mukubwa haikusikilizwa hata dakika.

Banatuambia «mushitaki upya, haki yenu haikupotea». Kweli, sheria inaruhusu, ila upya ni makuta: grefe upya, wisie (mwenye kupeleka karatasi za tribinali) upya, avoka upya, transpo ya Likasi upya, na ule bwana saa hii anapandisha ukuta. Akisha kuweka mabati utasikia «alishajenga, mupatane tu».

Batuandikie tarehe mbele tutoke mu sale, odiansi ikuwe ao isikuwe. Ao grefie atume mesaje, namba zetu beko nazo mu dosie. Kwa ile hakuna haja ya kungojea ruhusa ya Kinshasa.

Baavoka benye kusoma hapa: kama karatasi ya kutuita haionekane kabisa mu dosie, kuko mahali pa kupinga ile uamuzi, ao ni kulipa tena tu? Munijibu mbele ya ijumatatu, mama anakuya Lubumbashi na ninapashwa kumuambia kitu.