Mjadala: Je, Wanazi ni wa kuchekwa? Hoja yangu kuhusu filamu ya Kifini Iron Sky

Wanajamvi, salaam. Naomba tujadili kwa hoja, bila matusi.

Ipo filamu ya mwaka 2012 iitwayo Iron Sky, iliyoongozwa na Mfini Timo Vuorensola. Kisa chake ni kichaa kitupu: Wanazi walioshindwa vita mwaka 1945 walikimbilia upande wa nyuma wa Mwezi, wakajenga ngome huko, na ikifika 2018 wanajiandaa kurudi kuiteka Dunia. Wapo wanaosema filamu kama hii isingetengenezwa kabisa, kwa sababu Wanazi waliua Wayahudi milioni sita na jambo hilo halina mzaha. Wengine wanasema ucheshi hauna mipaka. Mimi nasema kumcheka Mnazi ni halali, ila kwanza tuangalie kicheko kinamwangukia nani.

Wanaopinga wana hoja nzito. Charlie Chaplin, aliyemkejeli Hitler mwaka 1940 katika The Great Dictator, aliandika baadaye kwamba lau angejua yaliyokuwa yakitendeka kwenye kambi za mateso, asingeweza kuitengeneza. Siwezi kulipuuza neno hilo. Lakini oneni Iron Sky inavyoitumia filamu hiyohiyo. Kule Mwezini watoto wa shule wanaonyeshwa kipande chake kifupi tu, kile cha dikteta anayecheza na puto lenye ramani ya dunia. Mwalimu wao, Renate, anaamini kwa moyo wote kuwa Chaplin alikuwa akimsifu Hitler. Akija kuiona filamu nzima huko New York, imani yake inaporomoka. Renate hana ukatili wowote. Ni mwalimu mpole anayewapenda wanafunzi wake, ila tangu utotoni amelishwa ukweli uliokatwakatwa. Sijaona hotuba wala somo la historia linaloeleza upesi hivyo jinsi mtu mwema anavyogeuzwa mtumishi wa uovu.

Halafu kuna siasa. Rais wa Marekani katika filamu, ambaye kila mtazamaji anamtambua Sarah Palin (mwanasiasa wa Marekani aliyegombea umakamu wa rais mwaka 2008) ndani yake, anataka kuchaguliwa tena. Meneja wake wa kampeni anayachukua maneno ya wageni hawa kutoka Mwezini, anayapaka rangi kidogo, na wananchi wanashangilia. Kwenye Umoja wa Mataifa ndiyo usiseme: inabainika kwamba mataifa yaliyoahidi kutopeleka silaha angani yote yamepeleka, isipokuwa Ufini. Mwishowe yanatwangana yenyewe kwa yenyewe kwa uchu wa heliamu-3, gesi inayotarajiwa kuzalisha nishati, iliyoko Mwezini. Hapo kicheko kinawaangukia wakubwa walio hai na sisi tunaowapigia kura. Hiyo ndiyo kazi ya kejeli, na ninaitetea bila kigugumizi.

Hilo la Ufini, hata hivyo, limenikera. Wafini walipigana bega kwa bega na Ujerumani dhidi ya Wasovieti kuanzia 1941 hadi 1944, na vijana wao wapatao 1,400 walijitolea kuingia Waffen-SS, jeshi la chama cha Wanazi. Mwaka 2019 hifadhi ya nyaraka ya taifa lao ilitoa ripoti iliyosema kuna uwezekano mkubwa baadhi yao walishiriki kuua Wayahudi na raia wengine. Filamu ya Kifini kuhusu Wanazi inapoifanya Ufini kuwa nchi pekee yenye mikono safi, imemkwepa mtu wa kwanza iliyepaswa kumkejeli.

Lakini kosa kubwa kuliko yote ni James Washington. Huyu ni mwanamitindo mweusi wa Kimarekani, aliyepelekwa Mwezini ili picha zake zimpambe rais kwenye kampeni. Mpaka hapo kejeli inampiga rais, safi kabisa. Kisha daktari wa Wanazi anamdunga dawa bila ridhaa yake, anageuka mweupe mwenye nywele za dhahabu, na kuanzia hapo mwili wake ndio kichekesho. Josef Mengele, daktari halisi wa Wanazi, aliwadunga watoto kemikali machoni katika kambi ya mauaji ya Auschwitz akijaribu kubadili rangi ya macho yao. Walioutunga mzaha huu walimwacha daktari na kumcheka mgonjwa.

Sisi wa ukanda huu tuna sababu ya ziada ya kuliona hilo. Filamu hii ilipotoka, Tanzania na Burundi zilikuwa tayari zimezika watu wenye ualbino waliouawa na kukatwa viungo kwa imani za kishirikina. Simaanishi kwamba Vuorensola anahusika na damu hiyo. Ninachosema ni kwamba ngozi iliyopoteza rangi kwa watu hao ni suala la kuishi au kufa, na filamu inaifanya kinyago cha kuchekesha ukumbi.

Najua nitajibiwa kwamba mashabiki wenyewe waliichangia karibu euro milioni moja katika bajeti ya takriban milioni 7.5, kwa hiyo watazamaji wake waliitaka. Sawa, waliitaka. Ila sasa nawauliza mnaosema ucheshi hauna mipaka: kama ukumbini angekuwa amekaa pembeni yako mama ambaye mwanawe alikatwa mkono kwa sababu ya ngozi yake, ungemweleza nini kinachochekesha kwa James Washington?