Pentium 4 haioni flashi, nataka gemu za zamani tu

mla_dagaa: Wakuu kwema? Niko Kigoma, Mwanga huku. Nimepewa dekstopu Pentium 4, ramu 512, hadidiski imekufa inagonga tu kama mtu anapiga hodi. Sitaki Windows, nataka madogo wacheze gemu za Nintendo na Sega kwenye ile monita chogo. Nimeshusha Batocera, ile Linux ya gemu za zamani, usiku kucha bando likaisha, nimeiweka kwenye flashi, kuwasha flashi haipo kwenye orodha ya kubuti, kuna flopi, sidii na hadidiski basi. Halafu nikichomoa waya ukutani saa inarudi 2002. Nimekosea wapi?

fundi_gungu: Pole mkuu, hilo bando sahau. Batocera ya sasa inataka prosesa ya 64 biti, P4 nyingi ni 32, na hata kama yako ni zile za mwishomwisho ramu 512 haikufikishi. Flashi kutoonekana ni biosi, ile programu ya kwenye bodi inayoiwasha mashine, za miaka hiyo nyingi hazibuti USB. Tafuta Plop Boot Manager, kakitu kadogo mno, choma kwenye sidii, mashine itabuti sidii itakuletea menyu yenye nyota zinapita nyuma yake, chagua USB inaendelea na flashi. Flashi weka Puppy, Linux nyepesi, ya 32 biti na emuleta, programu ya kuigiza mashine za gemu. Saa ni betri CR2032, ile kama sarafu kwenye madabodi, anza na hiyo maana hata mpangilio wa kubuti unajifuta.

unyanyembe: Mi huku Tabora nilitumia FreeDOS, mfumo wa bure unaofanana na MS-DOS ya zamani, nayo ikawasha chap kuliko Puppy. Msiione ya kale, ilianza 1994 Microsoft walipotaka kuachana na MS-DOS, na toleo la 1.3 lilitoka 2022. Ila ZSNES ya DOS, emuleta ya Super Nintendo, inatafuta Sound Blaster, kadi ya sauti ya zamani, sauti ya kwenye bodi haiijui, kwa hiyo gemu bubu, watoto wakawa wanapiga milio kwa midomo 😂

fundi_gungu: Ndo maana nikasema Puppy

mla_dagaa: Nimechomewa sidii stesheneri, nyota nimeziona! Flashi inasoma polepole balaa, nimechemsha chai ikaiva, ila Puppy ikishapanda kwenye ramu inateleza. Nikapanga padi, vitufe vyote, umeme huo ukakata.

unyanyembe: Ulikuwa umeseva?

mla_dagaa: We unaonaje