Ukumbi wa kumbukumbu: vipimo gani humfanya mgeni atulie?

Swali
Ukumbi ni mita 12 kwa 8, dari mita 5, kuta, dari na sakafu zote za mawe. Nataka jengo lenyewe limpunguze mgeni mwendo na kumnyamazisha kabla hajasoma jina lolote ukutani. Vipimo gani huleta hali hiyo, na makosa hutokea wapi?

Jibu la 1
Mwili huelewa mahali kabla macho hayajasoma, kwa hiyo anza na njia ya kuingilia. Kwenye ukumbusho wa Wayahudi waliouawa Ulaya, jijini Berlin (2005), msanifu majengo Peter Eisenman alisimamisha vipande 2,711 vya zege na kuacha kati yake vichochoro vya sentimita 95. Wawili hawapiti bega kwa bega, kila mtu hubaki na mawazo yake. Kwa upana huo kiti cha magurudumu hupita kikienda moja kwa moja tu. Penye kona acha duara la sentimita 150, la sivyo umewafungia mlango waliokuja kukumbuka.

Ngazi ndizo breki. Kimo cha kila ngazi mara mbili, jumlisha kina cha kukanyagia, jawabu liwe sentimita 60 hadi 64. Kimo cha 13 na kina cha 37 humtuliza mtu. Zote zilingane: hata tofauti ya sentimita moja hukwaza, maana mguu umeshakariri ngazi iliyotangulia.

Jibu la 2
Mimi naogopa zaidi hayo mawe matupu. Ujazo ni mita 480 za ujazo, na jiwe hunyonya takriban asilimia 3 tu ya sauti, basi kila neno litavuma zaidi ya sekunde 6. Watu watapaza sauti ili wasikike, na utulivu umekwisha. Lenga sekunde 1.5: funika mita za mraba 60 za dari kwa kitu kinachonyonya asilimia 70. Kuta ziache zilivyo, mkono uguse jiwe.

Jibu la 3
Na majina? Maya Lin, aliyebuni ukumbusho wa vita vya Vietnam, Washington (1982), aliyafuatanisha kwa tarehe, si kwa alfabeti, hivyo waliokufa siku moja wamekaa pamoja. Ukifanya hivyo weka orodha ya alfabeti pembeni, vinginevyo familia itatafuta hadi ichoke. Herufi zichongwe, na taa ipige kwa ubavu. Ikipiga kwa mbele, kivuli ndani ya herufi hupotea na jina halisomeki.