Grupu la ukoo, Marangu

Elia: Jioni njema wapendwa. Nimeshuka na wageni salama. Mmoja anatafuta vilele virefu vya mabara yote saba, Kibo yetu ya Kilimanjaro ilikuwa ya sita. Kabakiza Vinson, Antaktika.

Mama Neema: Pole na kazi kaka. Vinson ndo nini?

Elia: Mlima mrefu kuliko yote ya huko. Mita 4,892. Kibo inaupita kilomita nzima.

Baraka: Si angeanza na huo sasa 😂

Elia: Thubutu! Mnaruka kutoka Punta Arenas, Chile, ndege inatua kwa matairi juu ya barafu tupu. Halafu kindege cha skii hadi kambini. Na hakuna wagumu wa kukubebea, mzigo unaburuta mwenyewe.

Shangazi: Hakuna wagumu?? Na choo?

Elia: Kwenye mfuko, shangazi. Na mfuko unarudi nao.

Shangazi: Jamani, niko mezani.

Neema: Mama, Vinson alikuwa mbunge wa Marekani, Carl Vinson wa Georgia. Alikaa bungeni tangu 1914 hadi 1965. Aliunga mkono utafiti wa Antaktika, wakampa mlima.

Mama Neema: Aliupanda?

Neema: Wapi! Marubani wa jeshi la majini la Marekani waliuona 1958. Kileleni watu wamefika Desemba 1966.

Baba Neema: Wabunge wetu wasisikie hii, watagombania Mawenzi.

Mzee: Msicheke. Kilele cha Kibo, yule Mjerumani Meyer aliyekipanda alikiita Kaiser Wilhelm mwaka 1889. Jina la Uhuru limekuja 1961. Na hapa Wachagga walikuwepo, hakuwauliza.

Neema: Kweli babu. Kule hapakuwa na wenyeji wa kuulizwa, ndo maana hata jirani zake wamepewa majina ya watu. Kuna Shinn, rubani wa kwanza kutua na ndege Ncha ya Kusini, 1956.

Mzee: Huyo sawa. Amefanya kazi.

Elia: Halafu zamani Vinson uliandikwa mita 5,140. Wakapima upya, ukashuka, na GPS ya 2004 ikatoa hiyo 4,892.

Baraka: Mheshimiwa kapunguziwa 😂😂

Baba Neema: Shemeji, mgeni akikuita umsindikize?

Elia: Akilipa nauli naenda kesho.

Shangazi: Huendi popote. Jumapili kipaimara, na mchango wako hatujauona.