Lembas si biskuti ya limau! Mnaoipika na kuiuza hovyo mnatukera

Wakuu, salaam.

Nimevumilia vya kutosha, leo naongea. Kila nikifungua makundi ya mapishi na ya mashabiki wa hadithi za kubuni nakutana na kitu kile kile: "Jinsi ya kupika lembas nyumbani", yaani ule mkate wa safari wa Waelfi, watu wasiozeeka wa hadithi za mwandishi Mwingereza J.R.R. Tolkien. Unga wa ngano, siagi, sukari, maganda ya limau yaliyokwanguliwa, kata miraba, chora msalaba juu, tia oveni, piga picha, weka mtandaoni. Watu wanamwaga pongezi. Hakuna anayeuliza chakula hiki kilitolewa na nani, alipewa nani, na kwa nini akapewa.

Jamani, lembas ni chakula cha heshima. Tolkien hakukitia ndani ya riwaya yake The Lord of the Rings ili wasafiri wapate kitu cha kutafuna njiani. Kuna andiko lake fupi kuhusu lembas, mwanawe Christopher alilichapisha mwaka 1996 katika The Peoples of Middle-earth. Lisomeni! Nafaka yenyewe asili yake ni kwa Yavanna, mmoja wa wakuu wenye nguvu za kimungu katika hadithi hizo, na Waelfi waliletewa na Oromë, mkuu mwenzake, walipokuwa kwenye safari yao kuu ya kwenda magharibi. Masuke yalivunwa kwa mkono, moja moja, bila mundu wala kisu, maana chuma hakikuruhusiwa kuyagusa. Mabua yake meupe nayo yaling'olewa kwa mkono, yakasukwa vikapu vya kuhifadhia nafaka, na humo hakuingia mdudu wala ukungu. Kuanzia suke hadi mkate ulioiva, kazi yote ilikuwa ya wanawake maalumu walioitwa Yavannildi, na ufundi wao ulikuwa siri yao. Mwenye haki ya kuutunza na kuugawa alikuwa malkia, au mwanamke mwenye cheo cha juu kuliko wote katika jamii ile. Mwingine yeyote hana ruhusa ya kuchovya mkono.

Sasa oneni tunachofanya sisi. Juzi kulikuwa na usiku wa mashabiki hapa Dar. Mwandaaji, ambaye simtaji, alitangaza "lembas halisi". Nimefika, nakuta beseni la plastiki limejaa vibiskuti vimerundikwa, vingine vimeshavunjika, makombo yametapakaa mezani, pembeni yake sambusa na chupa ya chai ya maziwa. Buku kwa kipande. Watu wanachota kwa viganja, wanachovya kwenye chai, na mshereheshaji anapiga kelele kwenye maiki kwamba ukila kimoja umeshiba siku nzima. Nilitoka pale nimekasirika kweli kweli.

Kila kitu pale kilikuwa kinyume na kitabu. Kule Lothlórien, nchi ya Waelfi kitabuni, Frodo na wasafiri wenzake waliambiwa wale kidogo kidogo, na wakati wa shida tu. Waliambiwa mikate itakaa siku nyingi bila kuharibika ikiwa haijavunjwa na ikiwa bado imefungwa kwenye majani yake. Gimli, mmoja wao, alidhani ni mkate mkavu wa kawaida wa safari, akaonja, akaumaliza wote kwa utamu; Waelfi walimcheka na kumwambia basi, umeshakula cha kukutosha mwendo wa siku nzima. Tena imeandikwa waziwazi, Frodo na mwenzake Sam wakiwa Mordor, nchi ya adui, kwamba nguvu ya lembas iliongezeka pale msafiri alipoitegemea peke yake bila kuichanganya na vyakula vingine. Ililisha nia. Tumbo lilibaki na njaa yake, lakini mtu aliinuka na kuendelea. Halafu wewe unanipa na sambusa!

Na msiniambie ni hadithi tu. Mwandishi mwenyewe lilimuudhi jambo hili hili. Mwaka 1958 aliletewa mpango wa filamu ambamo lembas iliitwa chakula kilichokolezwa, kama vile ni kidonge cha maabara, akakataa kwa ukali. Akaeleza kwamba lembas ina maana kubwa zaidi, ya namna ya kidini. Mwaka huo huo, kwenye barua nyingine, alimtaja msomaji aliyeona ndani yake Ekaristi, ile Komunyo anayopewa mtu anayekaribia kufa. Tolkien alikuwa Mkatoliki wa dhati. Mtu wa namna hiyo akiandika kuhusu mkate unaotolewa na kupokelewa, alijua anachoandika.

Filamu ya 2003, The Return of the King, nayo imechangia. Mle Gollum, kiumbe mjanja anayewaongoza njia Frodo na Sam, anaitupa mikate na kumwagia Sam makombo nguoni ili Frodo amfukuze. Kitabuni hakuna kitu hicho kabisa. Kitabuni Gollum anapewa kipande, anaonja, anatema na kukohoa, hata harufu ya yale majani inamchukiza. Maorki, askari wa adui, vile vile: waliipekua mizigo ya Frodo wakaitawanya mikate na kuikanyaga, hawakuila. Sam akaikusanya vipande vipande. Ndiyo tofauti kati ya anayejua ameshika nini na asiyejua.

Kinachoniuma zaidi ni kisa cha Túrin, binadamu shujaa wa hadithi nyingine ya Tolkien. Malkia Melian wa ufalme wa Waelfi alipompa Beleg, rafiki yake Túrin, lembas aende nayo kwa Túrin, mikate ilifungwa kwa majani ya fedha, nyuzi zikapigwa muhuri wa malkia kwa nta nyeupe yenye umbo la ua la Telperion, ule mti wa fedha wa hadithi hizo. Kabla ya hapo Waelfi hawakuwahi kuruhusu binadamu waile, na baadaye ni mara chache mno. Si uchoyo. Binadamu akiizoea huchoka na hali yake ya kufa, akatamani nchi asiyoweza kufika. Sasa chakula chenye uzito huo unakiweka kwenye beseni?

Wanaopika, pikeni, sikatazi. Iteni biskuti za siagi na limau, mtauza tu. Mkitaka kuiita lembas, basi fungeni kila kipande kwenye jani, la mgomba linafaa, msivunje, msirundike, na mtu mmoja, mwanamke mnayemheshimu, awe ndiye anayempa kila mgeni mkononi. Bila bei. Na chai ije baadaye.

Mwenye kubisha aje na ukurasa wa kitabu. Picha za Instagram sizihitaji.