Mint 22.2, Debian 13 ao Ubuntu 24.04: nilizijaribu zote tatu mu Dell ya zamani, munisaidie kukata

kamalondo_usiku

Jambo yenu bote. Natafuta Linux ya kuweka pahali pa Windows; Mint, Debian na Ubuntu ni distro, maana yake aina za Linux. Niko na Dell Latitude E6420, i5 ya jenerasio ya pili, RAM jiga 4, disiki ni ile ya kuzunguka ya jiga 320, batri ilishakufaka zamani donke umeme ukienda na mashini inaenda. Ilikuwa na Windows 10 ndani lakini Microsoft ilisema basi kwa ile tarehe 14/10/2025, na Windows 11 inaomba TPM 2.0 (kipande ya usalama ya ku kadi mama) na prosesa yenye hii mashini haina na haitapata mu hii maisha.

Sasa juma mbili hizi nimekuwa natelesharje usiku, saa ile forfe ya intaneti inakuwaka rahisi, ISO (faili yenye iko na mufumo yote ndani) moja moja, na amuri ya wget -c juu ikikatika ku jiga 2 isirudi kuanza ku zero. Nikaziweka zote mu kle moja ya USB na Ventoy. Kwa benye habajue: Ventoy unaipiga ku kle mara moja tu, kisha ISO unazikopi sawa vile unakopi miziki, ukidemare mashini inakuletea liste, unachagua yako.

Hii njo niliona:

Mint 22.2 Xfce (Xfce ni sura ya ekrani, ile nyepesi), ISO inafika karibu jiga 3. Inafungua muzuri, menu iko kama ile ya Windows, hata mama ataijua. Wifi haikuonekana mara ya kwanza.

Debian 13 Xfce, haraka, lakini sura yake ni ya ofisi ya leta. Wifi haikuonekana kabisa.

Ubuntu 24.04, ISO karibu jiga 6, ilinikulia usiku mbili. Ni muzuri kwa macho, lakini kufungua Firefox nilienda kutia chai, nikarudi, iko inazunguka paka.

Donke Ubuntu nishaitupa, inabakia mbili. Gani niweke kabisa? Kazi yangu ni LibreOffice, filme, intaneti kidogo, na mudogo wangu anajifunza Python.

fundi_katuba

Mudogo, pole pole. Ile ulijaribu ni kle, haiko distro. Hiyo Dell iko na milango ya USB 2, mufumo yote inasoma kupitia kamba nyembamba, na ISO ya jiga 6 lazima ichelewe. Ubuntu umeihukumu bila kumusikiliza.

Kujaribu ku kle kunafaa kwa bintu bine: wifi, sauti, mwangaza ya ekrani, na kufunga kifuniko kuona kama italala na kuamuka. Vile bine ukishabiona, basi. Kwa kujua gani iko haraka, kata kipande ya jiga 30 mu disiki, instale mule, tumia siku tatu na kazi yako ya kweli. Mbele ya kukata, mu Windows zima ile demaraje ya haraka, kama hapana Windows inaacha disiki imefungwa nusu na Linux itaisoma bila kuandika kitu, kisha utakuja hapa kulia eti Linux ilikula mapicha za ndoa.

Kwa Ubuntu lakini sikupinge sana. Firefox yake inakuja mu snap (namna ya Ubuntu ya kufunga na kuleta programu), mu disiki ya kuzunguka kufungua mara ya kwanza ni kungojea. Na snap inajitafutiaka mizajuru mara ine kwa siku bila kukuuliza. Siku moja kliente alinunua forfe asubui, saa sita imeisha, akakuja kwangu anasema telefone yake iko na virusi. Hapana virusi. Alikuwa anagawia mashini koneksio, snap ikakunywa yote. Unaweza kuizuiya na snap refresh --hold, lakini nani atakuambia ile mbele forfe haiishe?

Miye mu atelie naweka Mint. Inasimama juu ya Ubuntu 24.04 ile ile, itapata mizajuru mupaka 2029, lakini snap iliwekwa kufuli.

nyawera_bit

Kaka wa Lubumbashi, salamu toka Bukavu. Mimi naongea kwa ajili ya Debian juu naona inataka kufa bila wakili.

Debian 13 ilitoka tarehe 9/8/2025, sisi tuliiweka mu mashini nane za sale yenye nafundishaka, zote RAM 4 kama yako. Kitu kilinivuta ni ile ISO ya DVD ya kwanza, iko karibu jiga 4, lakini ukiwa nayo unainstale Xfce na LibreOffice bila intaneti hata kidogo. Ile ndogo ya netinst usiidanganyikie, iko chini ya jiga 1 lakini vyote vingine inaenda kuvitafuta ku rezo, na umeme ukienda katikati ni kuanza upya.

Lakini sifiche. Kuko kitu kimoja kipya kilitusumbua: mu Debian 13 /tmp (dosie ya faili za kupita tu) inakaa mu RAM, si mu disiki tena, na inaweza kufika nusu ya RAM. Mwalimu mwenzangu alikuwa anafungulia faili kubwa kubwa mule, mashini inaganda, tukasema RAM imekufa, tukabadilisha RAM, inaganda tena, kumbe ni ile. Dawa yake: systemctl mask tmp.mount, kisha demare upya, /tmp inarudi ku disiki. Kwa mtu wa jiga 4 fanya siku ya kwanza.

Na kitu chenye batu wa Kinshasa hawawezi kuelewa: mizajuru ninatelesharje ku mashini moja tu, kisha naenda mu /var/cache/apt/archives, nakopi paketi zote ku kle, nazipeleka ku zile zingine saba. Forfe moja, mashini nane.

kamalondo_usiku

Dada nyawera, niliangalia ile dosie mu Debian yenye rafiki yangu aliinstale, iko tupu! Na alifanya mizajuru jana tu.

nyawera_bit

Alitumia apt. Amuri ya apt ikimaliza kuinstale inafutaka paketi. Apt-get njo inazichunga. Nilijua ile kwa machozi, nilitembea toka Nyawera mupaka Kadutu na kle tupu mu mufuko.

nilisoma_dar

Jamani mbona hakuna aliyeitaja Fedora? Fedora 43 imetoka Oktoba 2025, kerneli (kiini cha mfumo) mpya kabisa, na kwa mashine ya RAM 4 ina kitu kizuri mno: zram ipo tayari tangu Fedora 33, yaani RAM ikijaa inabana data humo humo kwenye RAM badala ya kukimbilia diski inayozunguka. Kwenye Debian lazima uiweke mwenyewe. Mimi ninayo nyumbani hapa Bel-Air na sijutii hata kidogo.

fundi_katuba

Mwalimu wa Kiswahili amefika 😂 "sijutii hata kidogo". Karibu yaya, kaa.

Zram ni kweli, ile nakupa. Lakini ambia mudogo na ile ingine: kila vesio ya Fedora inachungwa karibu miezi 13 tu, kisha lazima upande ku ingine, na kupanda ni majiga. Tena filme: ile kodeki ya H.264 yenye iko karibu mu filme zote za mu telefone haikuje kamili, lazima uongeze RPM Fusion, depo ingine ya paketi. Weye uko na fibra mu nyumba na inverteri ku ukuta. Yeye eko na batri ya kufa na forfe ya usiku.

nilisoma_dar

Sawa, nakubali kwa upande wa bando. Ila zram asiache. Kwenye Mint na Debian inawezekana pia, paketi inaitwa zram-tools, haichukui hata dakika tano.

mzee_wa_ruashi

Batoto jambo. Niko nawasoma tangu asubui. Niko na Acer Aspire One ndogo, ile ya Atom N270, RAM jiga 1, mama yako anaandikiaka nyimbo za korale. Nilipiga Debian 13 ku kle, inakatala, inasema mambo ya prosesa. Nitupe?

nyawera_bit

Papa, jambo sana. Usitupe. Ile Atom N270 ni ya biti 32, na Debian 13 haitoe tena kerneli wala instalasio ya biti 32, si kosa ya kle yenu. Mint 22 vilevile, Ubuntu iliacha kitambo. Munaweza kuchukua Debian 12, itachungwa mupaka katikati ya 2028, ao antiX 23 ya biti 32, Linux ingine nyepesi. Kwa jiga 1 ningeweka antiX, haina mapambo, inakula kidogo sana.

Lakini papa, intaneti musiitegemee. Kurasa za leo zinataka RAM mingi kuliko mashini yote, na Mozilla nayo ilisimamisha Firefox ya Linux ya biti 32 baada ya vesio 144, inabakia ile ESR 140 tu, vesio ya kuchungwa muda murefu. Kwa kuandika nyimbo na kuzipeleka ku imprimanti, hapo itatumika bado miaka.

mzee_wa_ruashi

Aksanti mwanangu. Intaneti mama hana haja nayo. Anasema inaletaka paka ugomvi mu korale.

kamalondo_usiku

Nimerudi. Nilifanya vile fundi alisema, nikakata jiga 30 mara mbili, Mint upande huu, Debian upande ule. Siku ine sasa. Kwa haraka, bandugu, sione tofauti! Vrema. Zote mbili zinafungua LibreOffice karibu sawa, na zote mbili zinalia nikifungua video na madirisha kumi.

Tofauti niliona ni pa wifi. Kadi yangu ni Broadcom. Mu Mint nilifungua ile dirisha ya piloti (programu yenye inatembeza kadi), bila intaneti, ikaniambia ingiza kle, ikachukua piloti mule mule ku kle yenye nilitumia kuinstale, nikademare upya, wifi iko. Mu Debian nilipashwa kutafuta paketi mwenyewe, inaitwa broadcom-sta-dkms, na kuitafuta unahitaji intaneti, na intaneti unahitaji wifi. Nikakaa naangalia ukuta.

fundi_katuba

Kamba ya USB, mudogo! Telefone yako ya Android, unaichomeka, unafungua partaje ya koneksio kwa USB, Linux inaiona kama kamba ya rezo ya kawaida, haina haja ya piloti yoyote. Nilishafunga mashini mingi ya batu vile. Tu angalia forfe.

kamalondo_usiku

Eeh! Na nilikaa usiku muzima. Sawa, ilitembea.

Kitu kingine, nisaidieni: mu Debian kila nikiwasha asubui, apt inakatala, inasema faili ya Release bado haijafika wakati wake, na Firefox inasema kila site eko na sertifika ya uongo. Mint nayo inaanza vile vile. Saa yenyewe inaonyesha mwaka 2011.

fundi_katuba

Batri ndogo ya ku kadi mama, ile ya mviringo CR2032. Imekufa. Umeme ukienda, mashini inasahau ni mwaka gani, inafikiri ni ile siku ilitoka ku kiwanda, na kwa muntu wa 2011 sertifika ya leo haijazaliwa. Hapana Debian, hapana Mint. Mu hii muji yetu na delestaje njo pane ya kwanza ya mashini ya okazio, na batu banabadilisha distro mara tatu mbele ya kununua batri ndogo.

Na ukiwa mu saa, angalia na fuso, ile saa ya eneo. Kongo iko na mbili mule: Africa/Kinshasa na Africa/Lubumbashi. Ukiacha Kinshasa utakuwa nyuma saa moja. Kwa bule ba Bukavu na Goma, ni Lubumbashi vilevile munachagua, musikasirike.

nyawera_bit

Hatukasirike, tunavumilia 😄

Kaka kamalondo, basi unakata namna gani? Mimi sitakuonea haya ukichukua Mint. Lakini uliza kitu kimoja kwanza: mu kartiye yenu, ule muntu utamwendea saa sita ya usiku ikikataa kuwaka, yeye anatumia nini?

kamalondo_usiku

Fundi eko Katuba, miye Kamalondo, ni karibu. Na rafiki mwenye Debian alienda Kolwezi kazi. Donke Mint, na paketi nitaenda kukopi ku atelie. Debian naiacha mu kipande yake kwa mudogo, avunje mule na Python yake.

Yaya fundi, CR2032 unauza ngapi?

fundi_katuba

Kuja nayo mashini, batri sikuhesabie. Lakini modepase umeandika na klaviye gani? Juu mu liste kuko "French" ya kawaida na kuko ingine yenye imeandikwa Kongo ya Kidemokrasia, bamoja banaona jina ya inchi banafurahi banachagua ile, kisha alama zingine zinahama, modepase inakatala.

kamalondo_usiku

...

Ngoja niende kuangalia.